Nimepewa Mimi

Mungu wa kike niliyemtunga anaitwa Iwapo. Anatawala ujio wa nyimbo, hadithi, michoro na mitindo ya ususi katika Milki ya Ruhazi, dola ambayo haipo popote isipokuwa kwenye madaftari yangu matatu na faili moja la kompyuta linaloitwa "riwaya mpya ya mwisho kabisa". Hana sanamu, kwa sababu hakuna aliyewahi kuuona uso wake. Huingia kwa sikio la kushoto, usiku wa manane, na akishaingia, mtu huyo hawezi kula wala kulala mpaka akitoe alichopewa. Watu wa Ruhazi humwita msanii "mtungi". Mtungi, husema wao, haujivunii maji.

Nilimpa jina hilo kwa sababu kila hadithi ninayoipenda ilianzia hapo. Iwapo mfalme angeamka kipofu. Iwapo mto ungekataa kwenda baharini. Siku neno hilo liliponijia nilikuwa nimesimama kwenye mwendokasi, mkono mmoja umeshika bomba, na nililiandika nyuma ya tiketi nisije nikalisahau kabla ya kufika Kimara.

Mtu anayebuni dunia nzima hukutana mapema na maswali ambayo hayana ushairi wowote. Ukisema kuna mungu, sema pia nani anafagia hekalu lake. Nani anamlipa mfagiaji? Aliyepewa wimbo anaupeleka wapi? Akiuficha je? Wawili wakipewa wimbo mmoja usiku mmoja je? Na kwa kuwa Ruhazi ni milki, wala si kijiji, kila swali nililolifuata lilinifikisha mlango uleule, wa ikulu. Basi nikaandika sheria. Mtungi aliyejazwa ana siku tatu za kufika kwenye Nyumba ya Masikio, jengo jeupe lisilo na madirisha lililoko katika kila makao makuu ya jimbo. Humo makarani huketi juu ya mikeka, humsikiliza, huandika. Wimbo ukishaandikwa hugongwa muhuri wa Iwapo, na tangu hapo ni mali ya Iwapo. Na kwa kuwa Iwapo hana mikono, mali yake inatunzwa na mfalme. Mtungi hupewa sahani ya wali, shuka jipya na ruhusa ya kurudi kwao. Jina lake haliandikwi. Kuliandika kungekuwa kufuru, sawa na kuandika jina la mfereji juu ya mvua.

Sentensi hiyo ya mwisho niliipenda, nikaisoma kwa sauti mara mbili. Mara ya pili nikaitambua. Niliwahi kuisikia, kwa maneno mengine, jikoni kwetu.

*

Mama yangu ni mtunzi wa nyimbo za kwaya. Ukimwambia hivyo atakataa. Atakwambia yeye ni mkulima wa mahindi na maharage, muuza vitumbua siku za gulio, na mwimbaji mstaafu wa sauti ya pili. Nyimbo, atasema, "nilipewa".

Katika usharika mdogo wa Nyanda za Juu Kusini nilikokulia, nyimbo nyingi zilizoimbwa Pasaka, Krismasi, sikukuu ya mavuno na misibani zilianzia kwenye mdomo wake. Hajui nota. Alikuwa akiamka usiku, anachochea makaa yaliyobaki jikoni, anaimba chini chini huku akipiga paja kwa kiganja. Sisi watoto tuliyajua makohozi ya mbwa wa jirani na tuliijua sauti hiyo, na vyote viwili vilitulaza. Asubuhi, kabla ya kwenda shambani, alipita kwa mwalimu wa kwaya, akamwimbia akiwa amesimama mlangoni na jembe begani. Mwalimu ndiye aliyeandika do-re-mi ubaoni na kugawa sauti nne.

Kwaya ilipotoa kanda yake ya kwanza, karatasi ya ndani ilitaja mwalimu, mpiga kinanda, mwenyekiti, katibu, mhasibu na studio. Mbele ya neno "Mtunzi" liliandikwa jina la kwaya. Sikumbuki mtu yeyote nyumbani akilalamika. Mama alifurahi kwamba rangi ya majoho ilitoka vizuri kwenye picha.

Kati ya nyimbo hizo, mmoja ulitembea kuliko nyingine zote. Ni wimbo wa msiba, aliopewa wiki moja baada ya kumzika mdogo wake. Ulitoka usharika hadi usharika, ukavuka dhehebu, ukashuka hadi Dar es Salaam. Miaka mingi baadaye mwimbaji mmoja wa injili aliurekodi upya, kwa gitaa la solo na video iliyopigwa ufukweni wakati wa machweo. Kwenye maelezo ya video hiyo mtunzi ni mwimbaji mwenyewe. Nimeusikia kwenye basi la usiku, kwenye saluni Sinza, kwenye mazishi ya mtu ambaye nilimsindikiza kwa sababu tu nilifanya kazi na binti yake. Watu wameuweka kuwa mlio wa simu.

Mwaka mama alipofanyiwa upasuaji wa mtoto wa jicho, gharama zilitoka kwenye kundi la familia la simu: huyu elfu hamsini, yule elfu ishirini, shangazi akaahidi laki akatuma nusu. Baada ya upasuaji wa jicho la kwanza tulikaa kwenye benchi tukisubiri dawa, yeye akiwa na pamba usoni. Simu ya mtu aliyeketi mbele yetu ikaita. Ulikuwa wimbo wake. Yule bwana aliuacha uimbe mpaka kiitikio ndipo akapokea. Mama alikuwa akitikisa mguu kufuata mdundo.

Nikamnong'oneza, "Mama, huu peke yake ungelipia jicho hili na lile la pili."

Akanijibu, "Nyamaza, mwenzako anaongea na simu."

*

Nyumbani nilimfuata na hoja. Nilikuwa nimejiandaa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inampa mtunzi haki za namna mbili: za kiuchumi, yaani kunufaika na kazi yake, na za kimaadili, ikiwemo haki ya kutajwa kuwa kazi ni yake. Haidai mtunzi awe anajua nota. Wala haiulizi wimbo ulitoka wapi. Inauliza nani ameutunga.

Mama alinisikiliza hadi mwisho, amevaa miwani myeusi ya hospitali. Kisha akasema, "Mwanangu, ukidai malipo ya kitu ulichopewa, usishangae siku ukibisha hodi usifunguliwe."

Nilikuwa nimejiandaa kupambana na unyenyekevu wake. Hofu sikuiwekea jibu. Tangu koo lianze kukwaruza na macho kufifia, nyimbo zilikuwa zimepungua. Zilikuja mbili kwa mwaka, kisha moja, kisha ukapita mwaka mzima wa kimya. Hakutaka kumuudhi anayezileta. Mimi niliona mali iliyochukuliwa. Yeye aliona mlango ambao siku moja ungeweza kufungwa, na alikuwa akiushika taratibu, kama mtu anayeshika kitasa cha chumba alicholala mgonjwa.

Nilirudi Dar es Salaam nikafungua sura ya Nyumba ya Masikio. Sasa niliweza kuona ilivyo mashine nzuri. Haina askari. Hakuna anayeporwa humo. Watungi wanakuja wenyewe, kwa miguu, wengine wakiimba njiani, wanaikabidhi dola kitu chenye thamani kuliko chumvi na shaba, na wanaondoka wakishukuru kwa sahani ya wali. Mfalme hahitaji ukatili wowote. Anahitaji tu watu wake waamini, kwa moyo wote, kwamba kilicho bora ndani yao hakikutoka kwao.

Wala si mimi wa kwanza kumfungulia ofisi mungu wa namna hii. Wagiriki wa kale walikuwa na mabinti tisa wa sanaa na elimu, akina Muse, ambao baba yao ni Zeus na mama yao ni Mnemosyne, jina lenye maana ya kumbukumbu. Wafalme wa ukoo wa Ptolemaio walipoitawala Misri kutoka Alexandria waliwajengea akina Muse nyumba, Mouseion, ambamo wanazuoni walikula meza moja kwa gharama ya mfalme. Strabo, mwanajiografia aliyefika Misri baada ya Warumi kuitwaa, anaeleza kwamba nyumba hiyo ilikuwa na kuhani wake; zamani kuhani huyo aliteuliwa na wafalme, na wakati wa Strabo aliteuliwa na Kaisari. Dola ilianguka, nyingine ikaingia, muhuri ukahamia mkono mwingine, na chakula kikaendelea kupakuliwa. Karne ya 3 kabla ya Kristo, nyumba ikiwa bado changa, mshairi Timon wa Phlius aliwacheka waliokuwamo: aliwafananisha na ndege wanaolishwa ndani ya tundu la Muse, wakizozana bila kukoma.

Jina la nyumba hiyo ndilo lililozaa neno ambalo lugha nyingi za Ulaya zinalitumia kwa jumba la vitu vya kale. Kiswahili hakikulichukua. Kilijitengenezea makumbusho, kutokana na kukumbuka, na bila kukusudia kikampita Muse kikaenda moja kwa moja kwa mama yake.

*

Ningeweza kuishia hapo, na insha ingekuwa fupi na yenye hasira: "kupewa" ni hila ya wenye mamlaka. Mama asingejitambua ndani yake.

Ule wimbo wa msiba una historia. Mdogo wake mama alikufa katika miaka ambayo kwetu watu walikuwa wakifa kwa ugonjwa ambao haukutajwa jina. Ilisemwa "ameumwa muda mrefu". Ilisemwa "homa". Wagonjwa walilazwa vyumba vya nyuma. Walikuwa na sahani yao na kikombe chao, vimefungwa uzi ili visichanganyike na vya wengine. Kanisani waliombewa kwa ujumla, pamoja na wasafiri.

Wakati huo mama alikuwa mjane mwenye watoto watatu na elimu ya darasa la saba. Baraza la wazee lilikuwa la wanaume watupu. Mwanamke wa hali hiyo hasimami mbele ya baraza akasema, "Ndugu zangu, nimefikiri, na naona tumewatupa wagonjwa wetu." Angeulizwa amefikiri akiwa nani. Lakini mwanamke yuleyule anaweza kusimama akasema, "Nimepewa wimbo." Na aliposema hivyo, wakampa nafasi. Ubeti wa tatu wa wimbo ule ulikuwa na chumba cha nyuma ndani yake. Ulikuwa na kikombe chenye uzi. Ulimwuliza kila aliyekaa kwenye kiti cha mbele kama alikula na marehemu, na kama hakula naye, amekuja kumlilia nani. Wanasema siku ulipoimbwa mara ya kwanza mzee mmoja alitoka nje katikati ya ubeti. Alirudi kabla haujaisha. Hakuna aliyethubutu kuufuta, kwa kuwa ungeufuta kwa mamlaka ya nani, ilhali umetoka juu?

Hivyo kupewa kulimfungulia mama mdomo. Ukilitazama jambo hili hivyo, unaanza kuliona kila mahali. Wanaozijua ngoma za pepo za Pwani wanajua kwamba pepo akimpanda mwanamke hudai kanga mpya, marashi na pete, na mume ambaye angemkatalia mke wake humsikiliza pepo. Mwaka 1904, kule Ngarambe, Kinjeketile Ngwale alipandwa na Hongo. Kwa mdomo wake mwenyewe alikuwa mkulima mmoja chini ya utawala wa Wajerumani uliokuwa ukiwalimisha watu pamba kwa nguvu. Kwa mdomo wa Hongo aliweza kuwaita watu wa makabila mbalimbali, na walikuja, wakachukua maji, na Vita vya Maji Maji vikaanza mwaka 1905. Wajerumani walimnyonga mwaka huohuo. Ebrahim Hussein, katika tamthilia yake ya mwaka 1969, anamfikisha Kinjeketile mahali pagumu zaidi: pa kujiuliza kama neno alilopewa linawafaa wanaoliendea vitani, wakati neno lenyewe limekwisha kuwa kubwa kuliko aliyelitamka.

Niliongeza ukurasa mmoja kwenye riwaya. Katika jimbo la kaskazini la Ruhazi, mjakazi ambaye sheria inamkataza kusema mbele ya wanaume waliokaa anaingia Nyumba ya Masikio na kuimba madhambi ya bwana wake, beti arobaini. Makarani wanaandika mikono ikitetemeka. Hawawezi kumzuia. Anayesema ni Iwapo.

Basi nikabaki na mungu mwenye nyuso mbili, na sikujua la kumfanya. Kwa uso mmoja anampa asiye na sauti ruhusa ya kusema. Kwa uso wa pili anamnyang'anya alichokisema. Na ni tendo lilelile, la siku moja, katika chumba kimoja.

*

Kilichobadilisha mambo hakikuwa hoja yangu yoyote.

Mama alikuwa amekuja Dar es Salaam kusubiri jicho la pili. Jioni moja aliniomba nimwekee "ule wimbo wa yule kijana", kwa maana alikuwa hajawahi kuusikia wote. Alikuwa akiukutia vipande vipande, kwenye simu za watu na kwenye mabasi. Nikauweka. Alisikiliza ameegemeza kichwa ukutani. Gitaa alilisifu. Sauti ya kijana aliisifu pia, akasema ana pumzi ndefu. Ubeti wa kwanza ukapita, kiitikio, ubeti wa pili, kiitikio, gitaa peke yake kwa muda mrefu, kiitikio tena, bahari ikafifia.

Mama akakaa wima. "Mbona haujaisha?"

"Umeisha, mama."

"Ubeti wa tatu uko wapi?"

Nikamwambia kwenye video haumo. Nikatafuta matoleo mengine, ya kwaya mbili na la mpiga kinanda mmoja aliyejirekodi sebuleni. Wote walikuwa wamejifunza kutoka kwenye video. Chumba cha nyuma hakikuwamo. Kikombe hakikuwamo. Kilichobaki ulikuwa wimbo mzuri wa faraja, unaoweza kuimbwa kwenye mazishi yoyote bila mtu yeyote kutoka nje.

Alinyamaza muda mrefu. Pesa hakuzitaja. Kisha akasema, "Sasa nani atawaambia?"

Nimelirudia swali hilo mara nyingi. Maisha yake yote aliamini kwamba wimbo uliotoka juu unalindwa na aliyeutoa. Baraza la wazee lilikuwa limemthibitishia hivyo. Lakini wazee wale walikuwa wakimwona yeye kila Jumapili, amekaa safu ya pili, sauti ya pili, na mtu aliyetaka kuufuta ubeti ule ilimlazimu apite mbele ya macho yake. Wimbo ulipotoka nje ya macho hayo, ulitoka bila mtu. Mali ya mungu asiye na mikono inamhitaji mwenye mikono wa kuitetea. Mfalme wa Ruhazi analijua hilo vizuri sana. Ndiyo maana alijitolea.

Kutajwa jina, basi, kuna maana inayotangulia malipo. Ni kusema nani aulizwe. Ni kuacha anwani.

*

Usiku huo nilimsomea mama Utendi wa Mwana Kupona. Shuleni nilikuwa nimefundishwa kuusoma kwa ajili ya mtihani, na swali lilikuwa daima lilelile, juu ya nafasi ya mke mbele ya mume. Safari hii nilikuwa natafuta kitu kingine, nacho kiko mwanzo na mwisho.

Mwanzo, Mwana Kupona anamwita binti yake na kumwambia achukue wino na karatasi. Ni desturi ya tenzi za zamani: mshairi humtaja Mungu, na pumzi hiyohiyo anaomba vifaa vya kazi. Sijui utamaduni mwingine wenye mungu wa ilhamu anayekuja na orodha ya vitu vya kununua dukani. Mwishoni, baada ya sala zote na kumkabidhi Mola kila kitu, anafanya jambo ambalo makarani wa Ruhazi wangemfukuzia. Anasema utenzi huu umetungwa na nani. Anataja jina lake, anataja Pate kuwa ndiko alikozaliwa, na anataja mwaka, 1275 wa Hijra, yaani 1858. Alikuwa mgonjwa, aliaga dunia miaka michache tu baadaye. Hakuna anayeweza kumshuku kwa kiburi. Amekiri kwamba kila kitu ni cha Mungu, na amesaini.

Hesiodo wa Ugiriki, karne nyingi kabla yake, alifanya vivyo hivyo. Anasimulia kwamba alikuwa akichunga kondoo chini ya mlima Helikon, akina Muse wakamjia na kumpulizia sauti. Na ni papo hapo, kwenye mistari ya kupewa, ndipo anapolitaja jina lake. Homeri naye anamwomba mungu wa kike amwimbie, lakini hajitaji hata mara moja, na mpaka leo wanazuoni wanabishana kama alikuwa mtu mmoja.

Hata Kiswahili chenyewe hakijawahi kutulazimisha kuchagua. Kipaji kinatokana na kupa, aliyenacho amepewa. Lakini kitenzi tulichonacho kwa kazi ya mshairi ni kutunga, na anayetunga shanga anajua maana yake: uzi, tundu, jicho, kidole kilichochomwa na sindano. Neno hilohilo tunalitumia kwa mimba inapotunga, jambo ambalo hakuna mwanamke aliyelifanya kwa vidole. Kupokea na kufanya kazi vinakaa ndani ya kitenzi kimoja bila kugombana. Na mtoto aliyetungwa hivyo, ambaye mama hakuuchonga hata ukucha wake mmoja, hupewa jina, na hujulikana ni wa nani.

Haya ya mwisho sikumwambia mama. Nilimsomea tu mistari ya jina, mahali na mwaka. Akataka niirudie. Akauliza huyo mama alikuwa na umri gani na kama binti alizihifadhi karatasi. Nikamwambia lazima kuna aliyezihifadhi, maana tunazo.

"Basi lete daftari," akasema.

*

Ilituchukua siku kumi na moja. Jicho la pili lilikuwa bado, na mwandiko wake kwa jicho moja ulikuwa ukipanda kilima, hivyo yeye aliimba nami nikaandika. Nyingine nilizirekodi kwa simu pia, ili apatikane mtu wa kuziandikia nota. Zilifika thelathini na nne. Kuna ambazo alizikumbuka nusu, akalala, akaamka nazo zima. Siku ya sita, tukiwa tunachambua mchele, alinyamaza katikati ya sentensi na kuanza kupiga paja kwa kiganja. Sikusogea. Ulikuwa mpya.

Aliomba kwamba chini ya kila wimbo niandike maneno yaleyale, na maneno aliyachagua yeye. Hakutaka "Mtunzi". Alitaka: "Nimepewa mimi," kisha jina lake kamili, jina la baba yake, kijiji, na mwaka, panapokumbukika. Nilimwambia fomu ya ofisi ya hakimiliki itataka neno la kawaida. Akasema fomu iandike inavyotaka, daftari ni lake.

Jina hilo siliandiki hapa. Anasema lionekane kwanza pale lilipotakiwa kuwa.

Yule mwimbaji amepelekewa ujumbe. Hauna dai la pesa. Hilo bado tunalijadili, na kaka zangu wana maoni makali. Una ubeti mmoja, wenye mistari minane, na ombi kwamba akiuimba tena aumalize. Hajajibu. Video bado ipo, bahari inafifia palepale.

Katika Ruhazi, mfinyanzi mmoja mzee amepewa wimbo. Ana siku tatu. Ametembea hadi Nyumba ya Masikio, ameimba, amekula wali wake. Shuka jipya amelikataa. Karani anapoinua muhuri, bibi huyo anamwomba augeuze mtungi wa maji ulioko pembeni, ambao makarani wamekuwa wakiunywea kwa miaka ishirini. Chini yake, mahali ambapo hakuna anayetazama, kuna alama ya kidole gumba iliyochomwa pamoja na udongo. "Maji si yangu," anasema. "Lakini ukivuja, mtakuja kwangu." Nimeiacha sura hapo, karani akiwa bado ameshika muhuri hewani. Sijaamua atafanya nini, na Iwapo hajasema kitu.

Mama ameshafanyiwa jicho la pili na amerudi kwao, kuwahi kupalilia. Daftari amekwenda nalo. Mimi nimebaki na nakala, na humo wimbo wa msiba upo ukurasa wa tisa na wa kumi, wote. Ubeti wa tatu umeandikwa mara mbili, kwa sababu aliniimbia mara mbili. Nilipomwambia nimeshauandika, akasema anajua, ila huo niuandike tena, ukurasa mmoja ukichanika ubaki mwingine.